Pete ya Kadinali

"Moshi wangu ni safi kuliko kwapa la padri," Gommaar Verstrepen aliwaambia wanachama wa klabu ya njiwa ya Berendrecht, watu thelathini na mmoja na mbwa wa mwenye baa. "Jumamosi nitamwachia njiwa wangu Kadinali palepale kwenye sitaha, hatua kumi kutoka tanuruni, na atafika kwake kabla supu ya mchana haijapoa. Akifika na kikohozi, mnyonyoeni mumle."

Hakuna aliyecheka. Mbwa alipiga chafya, lakini huyo hakuwa na kura.

Ilikuwa Jumapili baada ya misa, mwezi wa Mei, mwaka ule ambao wingu la mionzi ya nyuklia lilitoka mashariki na serikali ikaamuru ng'ombe wafungiwe zizini. Watu waliokuwa wamekula chochote kinachoota tangu kubatizwa walianza kuosha saladi mara tatu. Na mtu akishaogopa kitu asichokiona, hutafuta wa kumlaumu anayeonekana. Gommaar alionekana vizuri sana. Alikuwa na mwili wa kabati la nguo, masharubu mekundu, na kazi iliyojulikana hadi kwa watoto wa komunyo ya kwanza: mkuu wa matanuru kwenye meli Sint-Barbara. Meli hiyo ilipakia bandarini Antwerp taka za kemikali ambazo viwanda havikuthubutu kuzimwaga wala kuzizika, ikaenda kuziteketeza katikati ya Bahari ya Kaskazini, mbali na pua za wapiga kura.

Aliyemchokoza ni mwenyekiti, Désiré Claessens, mkaguzi mstaafu wa tramu, mtu ambaye hata akiwa ameketi nyumbani kwake ungedhani anasubiri umwonyeshe tiketi. Njiwa wa klabu husafiri pamoja. Ijumaa jioni hutiwa kwenye makapu yaleyale, wa huyu na wa yule, wakapandishwa lori hadi Ufaransa, na huko huachiwa waruke kurudi kwao. Désiré alipendekeza kwamba njiwa wa Gommaar wasiingie tena kapuni, kwa sababu mwenyewe alitoka melini akinuka kama duka la dawa lililoungua, akawashika kwa mikono hiyohiyo.

Mfuga njiwa asiye na nafasi kapuni ni kama mwanakwaya aliyeruhusiwa kuja kanisani lakini asifungue mdomo. Gommaar alilielewa hilo kuliko wote. Ndipo akatoa majigambo yake, na Désiré akayaandika nyuma ya kisahani cha karatasi cha bia: Kadinali akifika Jumamosi, mzima, pendekezo limekufa. Akichelewa au akiugua, Verstrepen anatoka klabuni na banda lake linapigwa mnada hapahapa baa. Gommaar alitia sahihi yake kubwa, ikafunika hadi jina la kiwanda cha bia.

Habari zilimfikia mkewe kabla yeye mwenyewe hajavua koti. Godelieve alikuwa akimenya viazi, na hakuacha kumenya.

"Umeweka rehani banda la baba yangu," alisema.

"Nimeweka rehani mdomo wa Désiré, mama. Jumamosi jioni utakuwa umefungwa."

"Huo haujafungwa tangu tramu za farasi."

Gommaar alikuwa na sababu ya kujiamini. Alizaliwa Boom, kwenye matanuru ya matofali, na akiwa na umri wa miaka kumi na minne tayari aliweza kuchungulia kwenye tundu la moto akakuambia tofali litatoka jekundu au litapasuka. Baba yake alimfundisha kwamba moto una sura kama binadamu. Ukiuangalia usoni hauwezi kukudanganya. Viwanda vya matofali vilipofungwa kimoja baada ya kingine, wenzake walikwenda kufungua vibanda vya chipsi. Yeye alikwenda bandarini akawauliza watu wa Sint-Barbara nani anawaangalizia moto. Wakamwonyesha vipimo vyenye mishale na taa. Akasema anaona saa nyingi, lakini mtu hamwoni. Wakamwajiri.

Melini hali ilikuwa hivi. Matanuru matatu yalisimama nyuma kabisa, kila moja na dohani yake pana kama kisima kilichopinduliwa. Watu waliishi mbele. Taka zilipuliziwa ndani, moto ukapanda hadi nyuzi elfu moja na mia mbili, na Gommaar alichungulia kwenye kioo kidogo cheusi. Rangi ya ganda la chungwa haitoshi. Rangi ya ute wa yai unaoanza kuiva, hapo sumu inakufa. Kilichobaki kilikuwa tindikali, ikapanda na moshi, ikashukia majini, na wataalamu wenye tai walisema bahari ingeimeza kama babu anavyomeza dawa ya kifua. Meli ilitembea polepole ikiukabili upepo, ili moshi ubaki nyuma na wanadamu wabaki mbele. Yote hayo Gommaar aliyaeleza klabuni, na yote yalikuwa kweli.

Kulikuwa na jambo moja ambalo hakulisema. Eneo la kuchomea lilikuwa na mipaka, na meli haiwezi kwenda mbele milele. Kila baada ya saa tatu ilibidi igeuzwe. Kabla ya kugeuza, kengele ililia, mabaharia wote wakaingia ndani na kufunga milango, na kwa dakika sita au saba moshi uliwakunjikia. Kisha meli ilinyooka, milango ikafunguliwa, mpishi akaendelea na vitunguu vyake. Gommaar alikuwa ameisikia kengele hiyo mara nyingi mno hata akawa haisikii, kama mtu wa Berendrecht asivyosikia kengele ya kanisa.

Kapteni Harmsen, Mholanzi wa Delfzijl aliyetabasamu mara moja kwa safari, alimruhusu apande na njiwa mmoja. Gommaar alipanda na wawili.

Hapa ndipo werevu ulipomzidia. Kadinali alikuwa njiwa mgane. Wafuga njiwa wa kule humtenga dume na jike wake wiki nzima. Ijumaa humwonyesha kidogo tu, dakika kumi, halafu humtia kapuni. Dume hubaki na picha moja kichwani, na popote utakapomwachia huruka kuifuata picha hiyo kama mwanajeshi aliyepewa likizo. Tatizo lilikuwa kwamba meli ingeondoka Antwerp Jumanne. Kuanzia Jumanne hadi Jumamosi dume angeweza kusahau. Mtu wa kawaida angesema, basi, atakumbuka kiasi chake. Gommaar hakuwa mtu wa kiasi. Alimchukua jike naye, Fien, mnene, mpole, ambaye maishani mwake hajaruka mbali kuliko paa la kanisa, akamficha chumbani kwake melini ndani ya sanduku la vifaa, ili dakika kumi za mwisho ziwe za moto.

Jumamosi saa moja asubuhi upepo ulitoka kusini-magharibi, moshi ukalala vizuri nyuma kuelekea Denmaki. Gommaar alimpeleka Fien nyuma ndani ya kikapu, akamwonyesha Kadinali. Dume alivimba koo, akazunguka, akaguna. Dakika kumi zilipotimia Gommaar alimrudisha Fien chumbani, akarudi, akamshika dume kwa mikono miwili, akamrusha juu.

Kadinali alipanda. Alizunguka meli mara moja akiutafuta upande wa kwao. Mara ya pili. Mara ya tatu mzunguko ulikuwa mdogo. Mara ya nne ukawa mdogo zaidi. Mara ya tano njiwa alikunja mabawa, akatua juu ya ngazi ya chuma ya dohani ya tatu, mahali penye joto pasipo na upepo, akaanza kuguna akielekeza kichwa mbele ya meli, kwenye chumba cha Gommaar.

Mpishi, aliyekuwa ametoka kutazama, alivuta sigara yake hadi mwisho.

"Kwani jike wake yuko wapi?" aliuliza.

Gommaar alitupia jicho mlango wa chumba chake.

"Usiniambie, Gom."

"Nyamaza."

"Umemletea mke kazini, halafu unashangaa haendi nyumbani."

Siku nzima alijaribu. Alimpigia mluzi wa chakula. Alitikisa kopo la mbaazi. Alimwita kwa majina ambayo hakuwahi kumwitia Godelieve. Kadinali alimtazama kwa jicho moja, kisha kwa lingine, akabaki. Kupanda ngazi ya dohani wakati moto unawaka kulikatazwa, na hata kusingekatazwa, vipandio vya chini, karibu na tanuru, vilikuwa vya moto kiasi cha kukaanga yai. Saa nne kengele ya kugeuza ililia. Mabaharia waliingia, milango ikafungwa. Gommaar alisimama nyuma ya kioo cha mlango akaona weupe ukishuka juu ya shetri, nyuma ya meli, ukaifunika ngazi, ukafunika yote. Dakika saba. Kwa mara ya kwanza katika miaka tisa alizihesabu. Weupe ulipoondoka, Kadinali alikuwa palepale, amejikunja, akipangusa mdomo kwenye chuma. Saa saba kengele ililia tena. Na saa kumi. Kwenye chumba cha usukani Kapteni Harmsen alitumia lile tabasamu lake moja.

Berendrecht, kama alivyosimuliwa baadaye, watu sita walikaa uani kwa Godelieve tangu asubuhi, macho juu, saa ya klabu mezani. Walikunywa bia kreti moja, wakala supu na vidonge vyake vyote vya nyama, ikapoa, ikapashwa, ikapoa. Saa moja jioni Désiré aliifunga saa, akamshukuru mama kwa ukarimu, akauliza kwa upole kama banda lina paa la vigae au la bati, kwa ajili ya tangazo la mnada.

Jumapili asubuhi Gommaar alifanya hesabu. Fien akibaki melini, dume hatoki. Fien akiachiwa, bahari iko mbele yake, kilomita mia mbili na sitini, na yeye ni ndege wa kulalia mayai. Atakufa, na dume atakufa naye au atarudi kwenye ngazi. Lakini kengele nyingine ingelia saa nne. Alimtoa Fien sandukuni. Alipima uzito wake kiganjani, akamwomba radhi kwa maneno ambayo mpishi alidai aliyasikia, ingawa mpishi alidai mengi. Akamrusha.

Fien aliruka kama mama anayekimbilia basi na vikapu viwili. Alizunguka mara moja. Mara moja tu. Kisha akanyoosha shingo kuelekea kusini, na Kadinali akashuka ngazini kama jiwe, akapinda, akamfuata. Gommaar aliwatazama mpaka wakawa nukta, mpaka nukta ikawa kitu anachokidhania tu.

Wahenga walisema kwenda tezi na omo, marejeo ngamani. Saa saba na dakika kumi mchana, Godelieve akiwa peke yake, Fien alitua kwenye ubao wa banda, akaingia kunywa maji kana kwamba ametoka dukani. Dume aliingia nyuma yake. Godelieve alivuka barabara akamwita mwenyekiti, ambaye alikuja na kitambaa cha kulia chakula shingoni. Jioni Kapteni alimruhusu Gommaar apige simu ya redio.

"Wamefika," alisema Godelieve. "Wote wawili. Wamekula vizuri."

"Wanakohoa?"

"Hawakohoi. Lakini Désiré amemchukua dume kwake. Kamtia kapuni kafunga kwa kufuli."

"Kwa nini?"

"Anasema ni pete. Mimi sijui, mume wangu. Amesema tu, pete."

Kesi ilisikilizwa Jumapili iliyofuata baada ya misa. Gommaar aliingia baa kifua mbele, amenyoa, amevaa suti ya harusi ambayo vifungo vyake vilikuwa vimekwisha kata tamaa. Daktari wa mifugo alikuwa amemsikiliza Kadinali mapafu, akaandika kwamba ni mzima. Gommaar aliiweka karatasi hiyo juu ya meza ya biliadi kama mtu anayeweka turufu. Désiré hakuiangalia. Alimtoa Fien kwenye kikapu chake kwanza, akamwinua mguu wenye ile pete ya alumini ambayo kila njiwa huvishwa akiwa kinda wa siku saba, yenye nambari yake ya maisha.

"Soma," alisema.

Gommaar alisoma nambari zote, moja baada ya nyingine, bila kukaza macho.

"Na huyu."

Pete ya Kadinali ilikuwa imetoa unga mweupe kama mkate ulioota ukungu. Herufi za nchi zilikuwepo, na tarakimu ya kwanza. Zilizofuata zilikuwa mashimo.

Lowie Bogaerts, mwokaji mikate, rafiki yake Gommaar wa miaka mingi, alikohoa. "Hiyo ni chumvi, bwana mwenyekiti. Chumvi ya bahari. Baiskeli ya shemeji yangu kule Ostend imekuwa hivyohivyo."

"Na huyu jike alitoka bahari gani?" Désiré aliuliza. "Ya Galilaya?"

Baa nzima ilicheka, na kicheko hicho kilikuwa mlango wa Gommaar kama angetaka kutokea. Angeweza kusema pete ile ilikuwa mbovu tangu kiwandani. Lowie angeapa. Nusu ya watu wangemwamini, na nusu ya watu ingetosha. Aliendelea kuushika ule mguu mwekundu kati ya vidole viwili. Miaka tisa alikuwa ameusoma moto kupitia kioo, na hakuwahi kusoma kitu kilichokaa upande wa pili.

"Fien alikuwa ndani, chumbani kwangu," alisema. "Dume alikuwa nje kwenye ngazi ya dohani, tangu Jumamosi hadi Jumapili. Meli ikienda mbele, moshi unaondoka. Hilo nililisema na ninalirudia. Lakini kila baada ya saa tatu tunaigeuza. Kengele inalia, sisi sote tunaingia ndani na kufunga milango. Yeye hakuwa na mlango."

"La kengele hukutuambia."

"Sikuwaambia."

Désiré alikitoa kile kisahani cha bia mfukoni, akakiweka juu ya cheti cha daktari. Alisoma kwa sauti ya mkaguzi: Jumamosi, siyo Jumapili. Kwa hiyo hata pete ingekuwa safi, Verstrepen ameshindwa. Gommaar aliafiki kwa kichwa. Alisema pia, bila kuulizwa, kwamba kuanzia safari ijayo ataogea bandarini na nguo za meli hazitavuka kizingiti chake, awe mwanachama au asiwe, kwa sababu Godelieve naye hana mlango wa chuma.

Hapo ilibaki wanachama kuthibitisha kwa kura kwamba anatoka, na huenda ingekwenda vibaya, kama mtu mmoja kule nyuma, karibu na mashine ya sigara, asingeuliza lile swali.

"Yule jike ni damu ya nani?"

Kila mmoja alikuwa akipiga hesabu ileile: ndege asiyewahi kupita paa la kanisa, mnene, bila mazoezi, ameachiwa juu ya maji matupu, amezunguka mara moja, ameleta na mume wake nyumbani. Watu ambao wiki nzima walikuwa wakiogopa sumu walimsogelea Fien, wakamkunjua bawa, wakampuliza manyoya ya kifuani, wakatikisa vichwa. Hofu ya mfuga njiwa ni kubwa, lakini tamaa yake ya damu nzuri huikalia juu.

Gommaar aliliona hilo, na kifua kikamrudia mahali pake.

"Damu yake ni ya banda langu," alisema. "Atataga mwezi ujao. Anayetaka nitoke klabuni apige kura kwa uhuru wake. Ila asije kubisha hodi kuulizia kinda."

Kura zilikuwa kumi na tisa kwa kumi na mbili, abaki. Désiré alipiga ya kumtoa, kwa msimamo, akakirarua kile kisahani vipande viwili, halafu akauliza kama kinda wa pili tayari ana mwenyewe.

Kadinali hakuruka tena mashindanoni. Njiwa asiye na nambari inayosomeka haingii kapuni, na pete ya njiwa mkubwa haibadilishwi. Hupita tu kwenye mguu wa kinda, vidole vikiwa bado laini. Mgane akaozwa rasmi. Alikaa bandani na Fien kutwa, akanenepa, na Godelieve alisema hajaona dume aliyefurahia kushindwa kiasi kile.

Mwezi wa Julai makinda wawili walitimiza siku saba, siku mbili kabla Sint-Barbara haijaondoka tena. Gommaar alikwenda kwa Désiré, kwa maana pete huuzwa na mwenyekiti, akaagiza tatu. Désiré alihesabu, akauliza ya tatu ni ya kinda gani.

"Ya ngazi," alisema Gommaar. "Dohani ya tatu. Nitaitundika pale, niisome nikirudi, kisha nitampa Kapteni aisome."

Désiré akaandika risiti.

Pete moja ilikuwa faranga thelathini na mbili.